James Lansing: Fundi wa spika aliyepoteza jina lake, likavuma baada ya kifo

MSAFIRI anayeshuka katika kituo cha matatu mjini Nyeri hulakiwa na sauti kabla ya kulakiwa na watu. Utingo wanawaita abiria wa Karatina, Othaya, Mukurwe-ini na Nanyuki. Kutoka kwenye duka la simu husikika wimbo wa hayati Joseph Kamaru, na hatua chache mbele mhubiri anawaonya wapita njia kuhusu siku ya kiama. Sauti zote hizo hupitia katika visanduku vyeusi, na juu ya vingi vya visanduku hivyo, viwe halisi au vya kughushi, pamebandikwa herufi tatu: JBL.

Herufi hizo zimekuwa sehemu ya maisha ya eneo zima la Mlima Kenya, kuanzia Nyeri hadi Kerugoya, Chuka na Meru. Hutangaza mazishi na harusi, huongoza nyimbo za ibada na kukusanya watu kwenye harambee. Zilitikisa matatu hata kabla ya aliyekuwa waziri wa uchukuzi, marehemu John Michuki wa Kangema, kuitia adabu sekta hiyo kwa kanuni zilizoanza kutekelezwa Februari 2004. Wanasiasa nao hawapandi jukwaani kabla ya spika kujaribiwa.

Hata hivyo, muulize muuzaji maana ya herufi hizo. Atakutajia bei, uzito na muda wa dhamana, lakini huenda asijue kwamba hilo ni jina la binadamu aliyezaliwa, akaoa, akafanya kazi na kufariki akiwa na madeni. Jina lenyewe, James Bullough Lansing, halikuwa lile alilopewa na wazazi wake. Alilichagua ukubwani, akalipoteza kwa kuliuza, akalipigania hadi akarejeshewa nusu, na tangu alipofariki mwaka wa 1949 limepita katika mikono ya wamiliki kadhaa ambao hawakuwa jamaa zake.

Kisa chake ni cha Marekani, lakini funzo lake lingeweza kutoka katika karakana yoyote ya Nyeri.

MWANA WA MGODI

Alizaliwa Januari 14, 1902, katika jimbo la Illinois, na kupewa jina la James Martini. Alikuwa mtoto wa tisa katika familia ya watoto 14. Baba yake, Henry Martini, alikuwa mhandisi wa migodi ya makaa ya mawe, kazi iliyomlazimu kuhamahama na jamaa yake kutoka mji hadi mji. Katika kuhama huko, kijana James aliishi kwa muda na familia moja ya mji wa Litchfield iliyoitwa Bullough. Aliipenda familia hiyo kiasi cha kulitwaa jina lake na kulifanya sehemu ya jina lake mwenyewe.

Mapenzi yake kwa umeme yalianza mapema. Inasimuliwa kwamba akiwa na umri wa miaka kumi hivi aliunda chombo cha kuhifadhi umeme, akakitumia kuwashtua wenzake kwa mzaha. Inasimuliwa pia kwamba aliunda mtambo mdogo wa kurusha mawimbi ya redio uliosikika hadi kwenye kituo cha wanamaji, na kwamba maafisa walifika kuufungua na kuuondoa. Iwe ni hadithi iliyotiwa chumvi au la, yafaa kumweleza kijana ambaye hakuwa na shahada ya uhandisi, lakini hakuona kifaa bila kutaka kujua kilichokuwa ndani yake.

Kazi yake ya kwanza ilikuwa ya umekanika wa magari, na ndiyo iliyomfunza kufanya kazi kwa vipimo vidogo vya chuma. Mama yake alipofariki mwaka wa 1924, James aliondoka nyumbani. Alifika Salt Lake City katika jimbo la Utah, akapata kazi katika kituo cha redio. Huko alikutana na watu wawili walioubadili mkondo wa maisha yake. Wa kwanza alikuwa Glenna Peterson, ambaye walioana mwaka wa 1925. Wa pili alikuwa Ken Decker, mfanyabiashara aliyeona katika mikono ya fundi yule mali ambayo fundi mwenyewe hakuiona.

JINA JIPYA, KAMPUNI MPYA

Lansing na Decker walihamia Los Angeles. Machi 9, 1927, walisajili kampuni ya kutengeneza spika za redio, wakaiita Lansing Manufacturing Company. Ni katika kipindi hicho ambapo James Martini aliacha jina la ukoo wake na kuwa James Bullough Lansing. Kwa hivyo mtu na kampuni walilipata jina lile takriban kwa wakati mmoja, jambo lililokuja kumgharimu.

Kazi iligawanywa kwa njia iliyoonekana kuwa ya busara. Decker alishika vitabu vya hesabu, alizungumza na benki na kutafuta wateja. Lansing alibaki karakanani. Hakupenda mikutano wala karatasi. Alipenda kupima, kukata, kusokota waya na kusikiliza.

Yafaa kueleza hapa jinsi spika inavyofanya kazi, kwani humo ndimo ulimokuwa ustadi wake. Ndani ya kila spika mna sumaku, na mbele ya sumaku mna waya mwembamba uliosokotwa kuwa koili. Umeme wa wimbo ukipita katika koili hiyo, koili huvutwa na kusukumwa na sumaku mara nyingi kwa sekunde. Koili imegundishwa kwenye karatasi ngumu yenye umbo la pia, nayo karatasi husukuma hewa. Hewa hiyo ndiyo sauti inayofika masikioni mwetu. Nafasi iliyopo kati ya koili na chuma cha sumaku ni nyembamba mno. Fundi akikosea hata kidogo, koili hukwaruza na sauti hukwama. Lansing alisifika kwa kutokosea.

Bahati ilikuwa upande wao, kwani mwaka huo huo wa 1927 filamu zilianza kunena. Majumba ya sinema ambayo hapo awali yalitegemea mpiga kinanda sasa yalihitaji vipaza sauti vyenye nguvu za kuujaza ukumbi mzima. Vile vilivyokuwepo vilikuwa na kasoro nyingi. Sauti nzito na sauti nyembamba zilisafiri njia zenye urefu tofauti, hivyo hatua moja ya mcheza dansi iliweza kusikika mara mbili.

Kuanzia mwaka wa 1933, Douglas Shearer, mkuu wa idara ya sauti katika kampuni ya filamu ya MGM, aliwakusanya wahandisi kuondoa kasoro hiyo. Miongoni mwao alikuwemo John Hilliard. Lansing na wenzake waliunda viini vya mtambo huo, yaani spika kubwa za sauti nzito na nyingine ndogo za sauti nyembamba, zilizotoa sauti kupitia mdomo mpana mithili ya baragumu. Mtambo huo ulikuja kuwa kielelezo kwa majumba ya sinema, na kazi hiyo ikaipatia MGM tuzo ya kiufundi ya Academy ya mwaka wa 1936.

Heshima iliwaendea wenye filamu. Lansing aliridhika na kazi zilizomiminika.

KIFO CHA MSHIRIKA

Mwaka wa 1939, Ken Decker alifariki katika ajali ya ndege akiwa katika mazoezi ya jeshi la akiba. Lansing alipoteza rafiki, na kampuni ikapoteza mtu wa pekee aliyejua nani anadai na nani anadaiwa. Fundi aliyekuwa bingwa wa vipimo vidogo kuliko unywele hakuweza kulinganisha mapato na matumizi. Katika muda wa miaka miwili, karakana iliyokuwa ikiheshimiwa na Hollywood nzima ilikuwa imezama katika matatizo ya fedha.

Aliyejitokeza kuinunua alikuwa Altec, kampuni iliyoanzishwa na wahandisi waliokuwa wakihudumia mitambo ya sauti katika majumba ya sinema. Altec ilikuwa na wateja na mafundi wa kutengeneza vilivyoharibika, lakini haikuwa na kiwanda cha kuunda vipya. Desemba 4, 1941, siku tatu tu kabla ya Japani kushambulia Pearl Harbor, iliinunua Lansing Manufacturing Company kwa dola 50,000.

Kwa fedha hizo Altec ilipata mashine, michoro, wafanyakazi na fundi mkuu. Ilipata pia jina. Kampuni ilibadilishwa na kuitwa Altec Lansing, naye James Lansing akawa makamu wa rais anayesimamia uhandisi katika kampuni yenye jina lake lakini isiyokuwa yake tena.

Isidhaniwe kwamba alidhulumiwa. Altec ilimwokoa, ikawalinda wafanyakazi wake na kumpa jambo ambalo hakuwahi kuwa nalo tangu Decker afariki, yaani utulivu wa kufanya kazi bila kusumbuliwa na wadai. Katika miaka hiyo ilitoka spika ya 604, iliyounganisha sauti nzito na nyembamba katika umbo moja na kutumiwa katika studio za kurekodi muziki kwa miongo mingi. Kuelekea mwisho wa Vita Vikuu vya Pili vya Dunia, yeye na Hilliard walikamilisha mitambo ya Voice of the Theatre, iliyotumika katika majumba ya sinema ulimwenguni.

Lakini utulivu wa mwajiriwa haukumtosha. Mkataba wake ulikuwa wa miaka mitano, na ulipokwisha mwaka wa 1946 aliaga. Alitaka tena karakana yake mwenyewe.

KESI YA JINA

Oktoba 1, 1946, alifungua kampuni na kuiita Lansing Sound. Kwake halikuwa jambo la kufikiriwa mara mbili, kwani mtu huita duka lake kwa jina lake. Altec haikukubali. Ililalamika kwamba jina la Lansing katika biashara ya spika lilikuwa miongoni mwa mali iliyonunua mwaka wa 1941, na kwamba wateja wangechanganyikiwa. Haikuwa hoja ya bure. Mtu aliyetaka spika za Lansing angejuaje kama anauziwa za mtu au za kampuni?

Suluhisho lilipatikana kwa kurefusha jina. Altec ilibaki na Lansing. Fundi aliruhusiwa kutumia jina lake kamili pekee, na kampuni ikaitwa James B. Lansing Sound. Kutokana na jina hilo refu, lililozaliwa katika mzozo, ndipo zilipokuja kuchukuliwa herufi tatu tunazoziona leo Karatina na Nanyuki. Laiti angelimiliki jina lake, huenda JBL isingalikuwepo.

Katika karakana yake mpya aliunda spika iliyoitwa D130, yenye upana wa inchi 15. Koili yake ilikuwa na upana wa inchi nne, kubwa kupita ilivyokuwa kawaida wakati huo, na ilisokotwa kwa waya bapa ili waya mwingi uenee katika nafasi ndogo. Matokeo yake yalikuwa sauti kubwa na safi kwa umeme kidogo. Vizazi vya spika za JBL vilivyofuata vilijengwa juu ya msingi huo.

Spika ilikuwa bora, lakini hesabu zilikuwa zile zile. Lansing aliuza kwa bei isiyolingana na gharama, akanunua vifaa kwa mkopo na kulipa deni moja kwa kukopa jingine. Mwaka wa 1947 kampuni ya Marquardt, iliyounda injini za ndege, ilikubali kumtengenezea vifaa, kumpa nafasi ya kazi na kumkopesha, nayo ikapata sehemu ya hisa. Mwekahazina wake, William Thomas, aliketi katika bodi ya kampuni ya Lansing na kuanza kuupanga upya mkoba wake.

Kwa muda mfupi ilionekana kana kwamba Decker mwingine amepatikana. Kisha mwaka wa 1949 Marquardt yenyewe ikanunuliwa na General Tire, kampuni ya magurudumu, ambayo haikuona faida ya kufuga karakana ndogo ya spika. Uhusiano ukakatwa, na madeni yaliyokuwa yakivumilika yakawa ya kulipwa.

Mwishoni mwa Septemba 1949, James Lansing alijitoa uhai nyumbani kwake katika shamba la maparachichi huko San Marcos, kusini mwa California. Alikuwa na umri wa miaka 47.

Wakazi wa Mlima Kenya, ambako mikopo imewapokonya watu mashamba na kuwavunjia nyumba, hawahitaji kufafanuliwa uzito wa siku zake za mwisho. Deni humfanya mtu aone kwamba yuko peke yake. Lansing hakuwa peke yake. Alikuwa na mke, watoto na mafundi waliomheshimu, na alikuwa na Thomas aliyejua kusoma vitabu vya hesabu. Alichokosa ni uwezo wa kuamini kwamba kampuni ingeweza kuokolewa naye akiwemo.

JINA LAENDA SOKONI

Kwamba ingeweza kuokolewa kulidhihirika upesi. Kampuni ilikuwa mnufaika wa bima ya maisha ya Lansing ya dola 10,000, na fedha hizo zikaisaidia kuvuka kipindi kigumu. Thomas alishika usukani. Theluthi moja ya hisa ilikuwa mikononi mwa mjane, Glenna, na miaka michache baadaye Thomas aliinunua na kuwa mmiliki pekee. Tangu hapo ukoo wa Lansing haukuwa na sauti katika kampuni ya Lansing.

Thomas alifanya mambo ambayo mwanzilishi hakuyaweza. Alipanga bei na kutafuta masoko. Katikati ya miaka ya 1950 alianza kulitangaza jina fupi la JBL, kwa kiasi fulani ili kuepuka mzozo na Altec uliokuwa bado haujaisha. Leo Fender, mtengenezaji wa magitaa ya umeme, aliichukua spika ya D130 kwa vikuza sauti vyake, na muziki wa rock ukaipata sauti yake. Katika tamasha la Woodstock mwaka wa 1969, mitambo iliyowafikia mamia ya maelfu ya wasikilizaji ilikuwa na spika za JBL kwa sauti nzito na honi za Altec kwa sauti nyembamba. Miaka 20 baada ya kifo chake, kampuni mbili zilizogombania jina la Lansing zilikuwa zikinguruma katika jukwaa moja.

Mwaka huo huo, Thomas aliiuza JBL kwa Jervis Corporation, iliyoongozwa na Sidney Harman. Kampuni hiyo ndiyo iliyokuja kujulikana kama Harman International. Harman mwenyewe alipoitwa katika serikali ya Rais Jimmy Carter mwaka wa 1977, ilimbidi aachane na biashara yake, naye akaiuza kwa Beatrice Foods, kampuni iliyojulikana zaidi kwa vyakula. Spika zikawa katika ghala moja na maziwa. Alipotoka serikalini aliinunua tena sehemu kubwa ya kampuni hiyo mwaka wa 1980, kwa bei ya chini kuliko aliyokuwa ameiuzia.

Mnamo 2007 wawekezaji wa kampuni ya KKR na benki ya Goldman Sachs walikubaliana kuinunua Harman kwa takriban dola bilioni nane, lakini mpango huo ukasambaratika kabla ya mwaka kwisha. Sidney Harman alifariki Aprili 2011 akiwa na umri wa miaka 92. Machi 2017, Samsung ya Korea Kusini ilikamilisha kuinunua kampuni hiyo, tena kwa takriban dola bilioni nane. Katika ununuzi huo JBL ilikuwa jina moja tu miongoni mwa mengi, kwani Samsung ilivutiwa zaidi na mitambo ambayo Harman huunda kwa ajili ya magari.

Ndugu yake, Altec Lansing, hakupata bahati kama hiyo. Mwaka wa 1959 iliingia mikononi mwa James Ling, tajiri wa Texas aliyenunua na kuunganisha kampuni, na katika miaka ya 1980 ikafilisika. Jina likatenganishwa na kiwanda. Likabandikwa kwenye spika ndogo za kompyuta, likanunuliwa na Plantronics mwaka wa 2005 na kuuzwa tena mwaka wa 2009. Jina lililonunuliwa mwaka wa 1941 pamoja na mashine na fundi wake lilikuwa sasa likiuzwa peke yake, bila fundi na bila mashine.

FUNZO KWA MAFUNDI WA MLIMANI

Mkulima wa Tetu au Mathira anaijua hali hii bila kusoma historia ya spika. Yeye hulima kahawa inayosifika kote duniani, huipeleka kiwandani, nayo huuzwa kwenye mnada Nairobi na kusafirishwa. Ng'ambo hukaangwa na kutiwa katika paketi yenye jina la mtu mwingine. Anayenunua paketi hulipia ladha na hulipia jina. Ladha ilitoka Nyeri, lakini malipo ya jina hayarudi Nyeri.

Hali ni hiyo hiyo kwa mafundi. Katika Taasisi ya Kitaifa ya Kiufundi ya Nyeri na Chuo Kikuu cha Teknolojia cha Dedan Kimathi, vijana hufunzwa umeme na mitambo kwa kiwango ambacho Lansing hakuwahi kukipata darasani. Wengine hufungua karakana na kuunda masanduku ya spika yanayotikisa madirisha. Wachache hujiuliza nani anamiliki jina lililoandikwa juu ya mlango.

Wengi hudhani kwamba kusajili jina la biashara kunatosha. La hasha. Usajili huo humwezesha mtu kufanya biashara kwa jina hilo, lakini haumpi haki ya kumzuia mwingine kulibandika kwenye bidhaa zake. Haki hiyo hutokana na alama ya biashara, ambayo husajiliwa katika Taasisi ya Mali ya Kiviwanda ya Kenya, KIPI. Alama iliyosajiliwa hulindwa kwa miaka kumi, na mwenyewe anaweza kuuongeza muda huo kila unapomalizika. Akisahau, huenda akaja kulikuta jina lake mikononi mwa wengine.

La pili ni mkataba. Anayeuza biashara yenye jina lake ni sharti aulize kama anaziuza mashine pekee au anauza na jina. Lansing alitia saini mwaka wa 1941 akiwa na wadai mlangoni, na mtu aliyebanwa hivyo hafikirii atakachotaka kufanya miaka mitano baadaye. Ndiyo maana wakili hutafutwa wakati mambo yangali mazuri. Ndiyo maana pia washirika wawili huandikiana mapema nini kitafanyika mmoja wao akifariki, badala ya kuiachia ajali iwaamulie kama ilivyoamua kati ya Lansing na Decker.

La tatu ndilo gumu zaidi, nalo ni kukiri upungufu. Si lazima fundi awe mhasibu, lakini ni lazima ajue kwamba si mhasibu. Kila mara Lansing alipokuwa na mtu mwaminifu wa kumshikia hesabu, aliunda vitu vilivyobadili dunia. Kila mara alipobaki peke yake na karatasi, alizama. Wahenga walinena kwamba kidole kimoja hakivunji chawa, na hata mikono yenye ustadi kama ule haikuweza kuvunja deni peke yake.

Jioni inapoingia mjini Nyeri na wingu kuufunika Mlima Kenya, wenye maduka huzima spika zao moja baada ya nyingine na kuziingiza ndani. Herufi tatu huingia gizani pamoja na bidhaa nyingine. Faida ya zile halisi huvuka bahari hadi Korea Kusini, na ya zile bandia humwendea asiyejulikana. Aliyelitoa jina hilo alikufa akidaiwa, na watoto wake hawakurithi hata herufi moja. Fundi wa Nyeri anayeandika jina lake juu ya mlango kesho asubuhi angali na nafasi ya kwenda kulisajili.